Risala ya Vijana wa Safu ya Mbele kwa Mgeni Rasmi

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mwenyekiti wa jumuiya yetu hapa Cleveland, wazee wetu, baba na mama zetu, makocha: shikamooni, na karibuni sana katika hafla hii ya kufunga msimu wa mpira wa Kimarekani.

Mheshimiwa, wazee wetu wengi wamekulia kwenye soka, na wakija uwanjani macho yao huufuata mpira. Sisi watano wa mbele, ukimwacha yule wa kati anayeuanzisha, hatuugusi. Kazi yetu ni kuwazuia wapinzani wasimfikie kwotabeki, yule mrusha mpira, mpaka autoe mkononi. Tukiwazuia vizuri hakuna anayetutaja. Akipenya mmoja tu, uwanja mzima unajua nani kazembea.

Ndiyo maana tunamheshimu sana Joe Thomas, mchezaji wa zamani wa safu ya mbele kama sisi. Siku ya uteuzi wa wachezaji wapya mwaka 2007, wenzake walipokuwa New York mbele ya kamera, yeye alikuwa Ziwa Michigan akivua samaki na baba yake. Cleveland Browns, timu ya kulipwa ya hapa kwetu, walimchukua akiwa wa tatu, wakamweka kushoto, upande ambao kwotabeki anayerusha kwa mkono wa kulia huupa mgongo. Mpira ulianzishwa mara 10,363 mfululizo naye yupo pale pale, hadi Oktoba 2017 msuli wa mkono wake ulipochanika. Na hiyo haikuwa timu ya raha! Makwotabeki walibadilishwa kila mara, mwaka 2016 ilishinda mechi 1 kati ya 16, na Thomas alistaafu bila kuonja hata mechi moja ya mtoano. Lakini katika kila mmoja wa misimu yake 10 ya kwanza aliteuliwa Pro Bowl, mechi ya nyota wa ligi, na mwaka 2023 akaingizwa Ukumbi wa Magwiji, Canton, humu humu Ohio.

Wazazi, tunajua mnachohofia. Thomas mwenyewe alisema hadharani, angali mchezaji, kwamba kumbukumbu zake zimeanza kupungua, na kwamba huenda ni umri au huenda ni mchezo. Baada ya kustaafu alipunguza zaidi ya kilo 20, kwa sababu mwili ule mkubwa aliulisha kwa ajili ya kazi.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, tuna maombi mawili. Kwanza, utupatie mtu wa kutafsiri siku makocha wanapowaeleza wazazi kuhusu majeraha ya kichwa. Mama zetu wanatia sahihi karatasi za Kiingereza wasizozielewa, na hilo linatuumiza. Pili, Ijumaa za msimu ujao mje uwanjani, na mpira ukianzishwa mtutazame sisi watano kwanza.

Tunaomba kuwasilisha.