Skatingi za "karibu zifanane" zimenitia hasara

Mhariri salamu, mi niko huku Tabora, Ipuli, nimesoma ukurasa wenu wa ujenzi mlivyosema sakafu, milango na skatingi (zile mbao nyembamba za chini ya ukuta pale unapokutana na sakafu) vyote viwe rangi moja ndo nyumba ipendeze. Jamani hapo mnatuingiza chaka, mi nilifanya hivyohivyo na hasara ninayo sebuleni.

Milango yangu ni mninga, ule wa huku kwetu wenye wekundu kwa ndani na michirizi ya kahawia, nikaupiga vanishi ya klia, ile isiyo na rangi, basi. Chini nikaweka taili zile zenye mchoro wa mbao, maana mbao yenyewe nani anaiweza kwa bei ya sasa, na mchwa wa Tabora mnawasikia. Skatingi sasa, fundi akaleta paini akaniambia bosi usijali nazipaka zitafanana na mlango. Thubutu! Paini ina unjano wake halafu inakunywa rangi vibaya, hapa imekolea pale imepauka, ikatoka karibu ifanane, na hiyo karibu ndo mbaya kuliko zote maana mgeni akiingia tu anajua huyu alitaka vipatane akashindwa. Na taili nazo dukani chini ya taa nyeupe niliziona kahawia, nimezifikisha home jua la dirishani likazipiga, kijivu kitupu, pembeni ya mninga kama majivu ya mkaa.

Mi nilichogundua, usihangaike na kukolea kwa mbao, angalia ile rangi iliyojificha ndani yake, kama ni nyekundu, njano au kijivu. Mwenye mninga atafute chini kitu chenye wekundu kidogo, kikolee kabisa kuliko mlango au kipauke kabisa, kisiwe cha katikati. Beba kipande cha mbao yako uende nacho dukani, au omba taili moja uje uilaze chini uiangalie mchana, usiku tena ukiwasha taa. Na ukipiga vanishi ya mafuta kumbuka inazidi kuwa njano kadiri miaka inavyoenda.

Skatingi nimeshazipaka krimu ya ukutani, zimepotea, afadhali, ingawa mama watoto ananuna kwamba kila akideki zinabaki na mistari ya maji machafu. Taili sina hela ya kung'oa, nimetandika zulia jekundu pale mlangoni.

Msomaji wenu, Tabora