Michael Apted hakuwa wa James Bond tu

Ndugu Mhariri,

Ukurasa wenu wa filamu umemtaja Michael Apted kuwa ni "yule mwongozaji wa James Bond", basi. Ni kweli aliongoza The World Is Not Enough mwaka 1999. Lakini kumpima kwa filamu hiyo ni kumdhulumu, na nimeshindwa kunyamaza.

Mwaka 1964, akiwa kijana aliyetoka Cambridge na kuajiriwa na Granada Television ya Manchester, alipewa kazi ya kusaidia kutafuta watoto wa miaka 7 kwa ajili ya kipindi kimoja tu, Seven Up!, kilichoongozwa na Paul Almond wa Kanada. Wakapatikana 14: wa matajiri waliokwisha kujua hata chuo watakachosoma, wa wafanyakazi wa East End, mtaa wa makabwela wa London, wawili wa nyumba ya kulelea watoto. Kilichotafutwa ni kuona kama tabaka alimozaliwa mtoto wa Kiingereza ndilo linaloamua maisha yake.

Kuanzia 1970 Apted akaushika usukani mwenyewe, na kila baada ya miaka 7 akawarudia watu walewale. Hollywood ilimwita akaenda, Rwanda akapiga filamu ya Gorillas in the Mist, lakini mwaka ukifika, anabisha hodi. Ya mwisho, 63 Up (namba ni umri wao), ilitoka 2019. Alifariki Januari 2021.

Nani mwingine kwenye runinga amewangoja watu hivyo? Kuna mtoto wa Liverpool aliyeonekana akirukaruka barabarani kwa furaha. Katika 28 Up tunamkuta Scotland, hana makazi, ameketi kando ya ziwa, anaongea kwa utaratibu mno mpaka unaumia. Miaka ikapita, akachaguliwa diwani. Ukimtazama siku ile ya ziwani tu, utasema kwisha habari yake.

Apted mwenyewe aliwahi kusema hivyo kuhusu mwingine. Kijana wa East End, aliyetaka kuwa joki, mpanda farasi wa mashindano, alipofika miaka 21 Apted alidhani ataishia jela, akampeleka kwenye mitaa ya wahalifu akampiga picha huko, iwe akiba. Kijana akawa dereva wa teksi, mume na baba. Apted alikiri hadharani kwamba alikosea. Alijutia pia kuwachagua wasichana wanne tu kati ya wale 14.

Na ndilo ninalotaka wasomaji wenu walijue. Katika 49 Up, mmoja wa wasichana hao, sasa mama mtu mzima, anamgeukia aliye nyuma ya kamera na kumshutumu kwa namna alivyomhoji miaka yote. Uso umekunjamana, sauti imepanda. Apted ndiye aliyekuwa na uamuzi wa mwisho kwenye chumba cha uhariri. Angeweza kukikata kipande kile. Hakukikata.

Msomaji wenu,
Tanga