Barua kwa Kaka Salimu wa Tanga, kutoka mtaa wa Boedo, Buenos Aires, Argentina

Kaka Salimu, shikamoo.

Ama baada ya salamu, mimi huku ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni juu yenu, hasa Mama na lile goti. Za ada ya Zuhura nimeshatuma kwa mkono wa yule yule wa siku zote. Ukizipata nijulishe, usinyamaze kama mara ile. Za bati kwa sasa sina. Peso ya huku ukilala nayo mfukoni, asubuhi unaikuta imepungua nguvu. Tuyaache hayo.

Nimesikia Shangazi Mwanahawa anatembeza maneno Ngamiani nzima kwamba nimebatizwa. Ati kaona picha kwenye simu ya Zuhura, nimevaa jezi ya mtakatifu na nimesimama na padri. Imeniuma, Kaka. Mtu aliyenilea, badala ya kuniuliza mimi, anawauliza majirani! Mwambie yule mzee wa koti jeusi ni fundi viatu wa mtaa wetu, na kanisani haendi, labda aende kuzikwa. Jezi ni ya San Lorenzo, timu ya mpira, nyekundu na buluu. Mimi ni mwanachama, kadi ninayo, ada yangu nalipa. Swala zangu ziko pale pale.

Ila kwamba timu ilianzishwa kwa msaada wa padri, hilo ni kweli na sitalikataa ili kumridhisha Shangazi. Mwaka 1908 kulikuwa na vijana wa mtaa wa Almagro wakicheza mpira barabarani, kwenye kona ya barabara za México na Treinta y Tres Orientales, na siku moja mmoja wao nusura akanyagwe na tramu. Padri Lorenzo Massa aliliona lile jambo. Akawaambia njooni mchezee uani kwangu kanisani, ila Jumapili mje misa. Wakakubali, kama ambavyo mimi na wewe tungekubali lolote ili tupate kiwanja chenye ukuta. Tarehe 1 Aprili mwaka huo wakaunda klabu. Walitaka kuipa jina la padri mwenyewe, akakataa. Alikubali San Lorenzo iwe kwa ajili ya mtakatifu, na kwa ajili ya vita vya San Lorenzo vya 1813, vya kupigania uhuru wao. Almagro wakaibakiza kwa sababu ndiko walikotoka. Mpaka leo mashabiki wao tunaitwa kunguru, kwa sababu ya kanzu nyeusi za mapadri. Kwa hiyo Shangazi akisikia naitwa kunguru, asidhani ni tusi.

Na usimwambie kwamba Papa Francisco, yule aliyefariki 2025, alikuwa mwanachama mwenzangu. Kweli kabisa! Alizaliwa mtaa wa Flores, hapa jirani, na kikosi kilichochukua ubingwa mwaka 1946 alikuwa anakitaja kwa majina. Kikosi hicho kilikwenda Ulaya kikawafunga Wahispania, timu ya taifa, 7-5 halafu 6-1, na Wareno 10-4. Mzee wa viatu akianza kuwataja Farro, Pontoni na Martino, kazi inasimama, mwenye kiatu arudi kesho.

Watani wetu wa jadi ni timu ya Huracán, wa mtaa wa Parque Patricios, unafika kwa miguu. Chukua Coastal na African Sports uwaweke jijini, uwape bendi na fataki, ndio hao. Familia moja inaweza kuwa na pande zote mbili, na siku ya mechi chakula kinaliwa kimya kimya. Hapo ndipo nakumbuka uwanja wetu wa Mkwakwani, Baba upande ule, Mjomba Rajabu upande huu, na sisi katikati tunashindwa tushangilie lipi mpaka tujue nani atatununulia karanga. Siku hizi ukiniuliza ninachokosa zaidi sio chakula. Ni ile kelele ya kurudi nyumbani kwa miguu baada ya mechi, kila mtu kocha.

Lakini usinihurumie. Siku za mechi, hapa kwenye tawi letu la mashabiki, anayesimama kwenye moto ni mimi. Unaelewa uzito wa neno hilo? Hawa watu wa nyama wana wivu na moto wao, baba hamwachii hata mwanawe koleo. Nilianza kwa kuosha vyombo, sasa nasimamia mbavu. Chumvi tu ndiyo wanayoijua wao. Siku moja niliiweka nyama kwenye ndimu, tangawizi na kitunguu saumu kama mishkaki ya Barabara ya Saba, wakanuna, wakaonja, wakanyamaza. Sasa wakinikosa wanauliza Mtanzania yuko wapi. Soseji za nguruwe anazigeuza kijana mwingine kwa koleo lake mwenyewe, na hilo nalo Shangazi aambiwe.

Sasa la kiwanja cha Mikanjuni.

Barua yako nimeisoma, na ule ujumbe wa sauti nimeusikiliza mpaka mwisho. Unasema yule bwana wa malori ana fedha taslimu. Unasema mji unapimwa upya, barabara itapita, tukichelewa tutanyang'anywa bure, kwa hiyo bora tuuze mapema, na kinachokosekana ni saini yangu tu. Kaka, maneno hayo nimeshayasikia huku, karibu neno kwa neno, na nitakueleza yaliishia wapi.

San Lorenzo walikuwa na uwanja wao kwenye barabara ya Avenida La Plata, hapa hapa Boedo, kuanzia 1916. Waliuita Gasómetro, kwa sababu kwa nje ulifanana na matangi ya gesi. Majukwaa ya mbao, watu wanaruka na mbao zinalia. Ulikuwa mkubwa kuliko vyote nchini kwa miaka mingi, timu ya taifa ikichezea humo. Wala haukuwa wa mpira peke yake. Wakati wa kanivali kulikuwa na dansi hapo, watu wakapata wachumba. Mwaka 1968 walichukua ubingwa bila kufungwa hata mechi moja, wa kwanza kufanya hivyo tangu soka la kulipwa lianze kule. Mwaka 1972 walichukua ubingwa mara mbili ndani ya mwaka mmoja.

Halafu jeshi likapindua serikali, 1976. Meya wa jiji akawekwa Osvaldo Cacciatore, mwanajeshi wa anga, mtu wa kubomoa na kupitisha barabara. Klabu ilikuwa na madeni. Ikaambiwa eneo lile linahitajika, barabara zitafunguliwa katikati yake, nyumba za watu zitajengwa. Katika zama zile watu walikuwa wanachukuliwa majumbani usiku wasionekane tena, nani angebisha sana kwa ajili ya uwanja wa mpira? Mechi ya mwisho ilikuwa tarehe 2 Desemba 1979, na Boca Juniors, 0-0. Baadaye zile mbao zikang'olewa.

Wakauza kwa dola kama 900,000. Barabara hazikufunguliwa. Nyumba hazikujengwa. Miaka michache baadaye eneo lile lile likauzwa tena, safari hii kwa dola kama milioni 8, na mwaka 1985 ikafunguliwa supamaketi ya Carrefour. Hesabu hiyo ifanye mwenyewe, wewe ndiye uliyesoma biashara.

Kilichofuata ni aibu. 1981 walishuka daraja, wa kwanza kati ya timu tano kubwa za Argentina. Siku ya mwisho sare ingewatosha, wakafungwa 1-0 na Argentinos Juniors. Hapa ndipo ninapowapendea watu hawa. Mwaka uliofuata, daraja la pili, hawana uwanja, wanaomba viwanja vya wenzao kama mpangaji aliyefukuzwa, na walikuwa wanajaza kuliko timu za daraja la kwanza. Wakapanda mwaka huo huo. Uwanja mwingine hawakuupata mpaka Desemba 1993, huko Bajo Flores, kilomita chache kutoka hapa. Ni mzuri, timu inachezea huko mpaka leo. Lakini si kwao.

Nilipohamia Boedo supamaketi bado ilikuwepo. Mzee wa viatu hakuwahi kuingia. Sukari ikimwishia alikuwa anavuka mitaa mitano kuifuata kwingine, mvua iwe inanyesha. Nilimcheka mwanzoni. Watu wa namna yake ndio waliolibeba lile jambo, na vijana ambao hawakuuona ule uwanja hata kwa macho. Walikaa vikao, wakaandamana, na Machi 2012 wakajaza Plaza de Mayo mbele ya ikulu, umati uliokadiriwa kupita watu laki moja. Novemba mwaka huo baraza la jiji likapitisha sheria ya kuwarudishia. Usidhani walirudishiwa bure. Ilibidi wanunue walichokwisha kukiuza, na mashabiki wakachangia kwa mita za mraba, anayeweza mita, anayeweza kidogo kidogo. Tarehe 1 Julai 2019 klabu ikakabidhiwa eneo. Miaka arobaini, Kaka, kasoro miezi.

Na mimi nimo. Tulichangishana wanne, tukanunua mita moja. Robo ya mita ya mraba ya jiji la Buenos Aires imechangiwa na mtoto wa Mzee Bakari wa Ngamiani, cheti kiko ukutani juu ya kitanda. Najua utasema, kumbe za mita zipo, za bati hazipo. Mita ilinunuliwa kabla bati halijaanza kuvuja, usinianze.

Uwanja wenyewe bado haujajengwa, sikudanganyi. Madeni yamerudi, viongozi wanagombana, wanachama tunapiga kelele. Wanasema utaitwa Papa Francisco ukikamilika, na hilo Shangazi asilijue kamwe. Kombe la Libertadores, la klabu bingwa wa Amerika Kusini, tulilipata 2014, penalti ya Ortigoza, 1-0 dhidi ya Nacional ya Paraguay, baada ya kuchekwa miaka yote kwamba ndilo tulilolikosa peke yetu kati ya wakubwa. Watu wazima walilia barabarani. Kombe hilo wakampelekea Papa kule Roma. Hata hivyo ukikaa na wazee hapa barazani, wakishalitaja kombe dakika tano, saa nzima inayobaki ni Avenida La Plata.

Basi saini yangu hutaipata. Sisemi yule bwana ni mwizi, simjui. Ninachouliza ni hiki: kama barabara inapita pale na kiwanja kitachukuliwa, yeye anakinunulia nini? Nenda manispaa, ofisi ya ardhi, uombe kuiona ramani kwa macho yako, na uende na Mjomba Rajabu kwa sababu yeye hanyamazi. Kodi ya kiwanja kama inadaiwa, niandikie ni kiasi gani, hiyo nitalipa mimi hata kabla ya bati. Na Hamisi kama anataka kulima mchicha pale kwa sasa alime, ila asiweke tofali.

Usinikasirikie. Wewe ndiye mkubwa, baada ya Baba ni wewe, na neno lako nyumbani ni lako. Lakini Baba alituandika wote watatu kwenye ile karatasi, na Dada Mwanaidi nimeshaongea naye, naye hasaini.

Nisalimie Mama, mwambie goti asilipake yale mafuta ya mganga wa sokoni. Zuhura mwambie jezi yake naituma na mtu anayekuja mwezi wa nane, namba 10, na asiivae akienda kwa Shangazi. Hati mrudishieni Mama aiweke kwenye sanduku lake, na nakala aliyopewa yule bwana wa malori uichukue wiki hii hii. Ukishaichukua, nipigie usiku wa huko, huku itakuwa alasiri na nitakuwa nimetoka kazini.

Mimi mdogo wako,
Athumani