Hela za mabati zimetoka kwenye keki

Montgomery, Alabama
Jumapili usiku

Kwa Dada yangu Mwanaidi,

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.

Baada ya salamu, sisi huku hatujambo, watoto wazima, na ule mguu wangu umepona, Mama asiwe na wasiwasi. Kazini bado nina zamu za usiku na nimeshazizoea. Ulichoniandikia nimekiona: mabati 30 ya geji 28, misumari na mbao za kenchi. Hela nazituma Ijumaa, zote kwa mkupuo mmoja, na zitakuja kwa jina lako wewe. Zisipitie kwa ndugu yetu Seif.

Sikuandika kwenye grupu la familia kwa sababu grupu lina masikio mengi. Barua hii anakuletea yule kijana wa kina Mama Chiku pamoja na kifurushi. Isome kwanza peke yako. Yale ya Seif usimsomee Mama, presha yake unaijua. Yale ya keki msomee yote, hata akisinzia mwamshe, maana katika nyumba nzima yeye ndiye atakayenielewa.

Dada, Seif amenivunjia heshima. Ile picha ya keki 11 mezani niliipeleka kwenye grupu kwa furaha. Nilikuwa nimekesha siku mbili, nikasema nao waone nilichokifanya kwa mikono yangu. Chini yake niliandika wazi kwamba wenyeji wa huku huitia wiski, mimi sikutia. Seif kasoma nusu ya kwanza, nusu ya pili kaiacha, halafu kaondoka nayo mtaani. Wiki haijaisha, Shangazi ananipigia simu kuniuliza kama ni kweli nawapikia Waislamu keki za pombe. Namuuliza kayatoa wapi, ananiambia kayasikia msibani. Msibani, Dada! Watu wamekaa mkekani wanasoma hitima, na jina langu linazungushwa kama kashata. Mimi niliyesomeshwa Kurani chuoni pale pale Ngamiani, Tanga, na mwalimu ananijua, na watoto wa mwalimu wananijua.

Na huyo huyo Seif, siku ya tatu, kaniandikia pembeni akitaka hela ya kuanzia bajaji. Kama hela yangu ni haramu, ya nini kwake? La kiwanja cha Mabokweni nilinyamaza, mkaniambia nimefanya vizuri kunyamaza. Hili sinyamazi.

Sasa mwite Mama akae karibu.

Mama, shikamoo. Keki yenyewe inaitwa keki ya Lane. Aliyeibuni ni mwanamke wa hapa Alabama, Emma Rylander Lane, wa mji mdogo wa Clayton, kusini mashariki mwa hapa ninapokaa. Aliishindanisha kwenye maonyesho ya Columbus, ng'ambo ya mto Chattahoochee upande wa Georgia, akapata zawadi ya kwanza. Mwaka 1898 akaiandika kwenye kitabu chake cha mapishi. Hapo mwanzo aliiita Keki ya Zawadi, baadaye ndiyo ikashika jina lake. Watu wa huku wanaiheshimu kama sisi tunavyoheshimu pilau ya harusi: huiandaa Krismasi, huiandaa akija mgeni mkubwa. Mwaka 2016 jimbo zima liliitangaza kuwa kitindamlo chake rasmi. Kwa hiyo, Mama, mwanao hakujifunza kitu cha mchezo.

Nimeijulia kazini. Kulikuwa na bibi mmoja niliyekuwa namhudumia, usingizi hauji, basi usiku ananisimulia jikoni kwa mama yake. Kazi yake utotoni ilikuwa kukata zabibu kavu kwa mkasi, moja moja, mpaka vidole vinanata. Hakuwa na karatasi ya vipimo, vyote vilikuwa kichwani, na mimi nikawa naviandika nyuma ya ratiba ya zamu, leo unga, kesho siagi. Alifariki kabla ya Ramadhani. Sikuwahi kumwonjesha.

Sasa sikiliza inavyopikwa. Mayai 8. Ute wote unakwenda kwenye keki, viini vyote 8 vinakwenda kwenye ujazo wa katikati. Hakuna hata tone linalotupwa. Siku nilipolielewa hilo nilisimama pale jikoni nikakukumbuka ulivyokuwa ukipitisha kidole ndani ya ganda la yai ili ute usibaki, na sisi tulivyokuwa tunakaripiwa tukisahau. Nilitaka nikupigie simu saa ile ile, lakini kwenu ilikuwa usiku wa manane.

Siagi kikombe kimoja, sukari vikombe viwili, unga vikombe vitatu na robo, maziwa kikombe kimoja, bekingi poda vijiko viwili vya chai. Siagi na sukari unazipiga mpaka zinabadilika rangi na kuwa nyeupe. Unga na maziwa unavitia kwa kupokezana, kidogo hiki, kidogo kile. Ute unaupiga peke yake mpaka unasimama, halafu unauingiza mwisho kwa mkono mwepesi, ukigeuza kutoka chini kuja juu. Ukikoroga kwa nguvu pumzi inatoka na keki inalala. Hayo nilikuwa nayajua tangu mkate wa mayai, hakuna aliyenifundisha upya. Na kufunua oveni kabla ya wakati ni mwiko kama kufunua sufuria yako yenye makaa juu. Mpaka leo mkono wangu unaukumbuka ule mwiko ulionipiga nao. Unga wote unagawanywa mara nne, unaoka tabaka nne nyembamba. Nilitamani sana kutia hiliki. Nikajizuia, keki ya watu ina heshima yake.

Kazi kubwa iko kwenye ujazo. Viini, kikombe cha sukari, nusu kikombe cha siagi, vyote ndani ya bakuli lililokaa juu ya sufuria ya maji yanayotokota, na hapo huondoki. Moto ukizidi, viini vinashikana vidonge vidonge. Ya kwanza iliniharibikia hivyo, mayai 8 yakaenda bure, nikakaa chini nikalia kama nimefiwa. Ya pili nilipunguza moto, nikakoroga mpaka ikawa nzito, ukipitisha kidole kwenye mwiko njia inabaki wazi. Hapo ndipo unatia zabibu kavu zilizokatwa, pekani na nazi.

Pekani ni hizo nilizokuletea. Ni kokwa za miti ya huku huku, zinafanana na jozi ila zimerefuka, na utamu wake unatoka kwenye mafuta. Bi Lane yeye alitia zabibu tu; pekani na nazi watu wameziongeza baadaye, na mimi kwenye nazi nimewashukuru mno. Dukani huku nazi inauzwa imekaushwa na kutiwa sukari, sikuitaka. Nilivunja nazi, nikaikuna kwa ile mbuzi niliyokuja nayo kwenye begi. Mama, mlinikataza kuibeba mkisema itanizidishia uzito. Nimekaa juu yake jikoni kwangu, Alabama, nakuna, na mlio wake ukanijia kama wa uani kwetu saa tisa alasiri mwezi wa Ramadhani. Watoto walitoka chumbani wakaja kusimama mlangoni. Mdogo akauliza ni nini kile nilichokikalia. Niliumia kwamba hajui.

Sasa hiyo wiski. Kitabu cha Bi Lane kinasema glasi moja ya wiski nzuri au brandi. Ndivyo walivyoirithi na siwalaumu. Lakini wao wenyewe, keki ikiwa ya watoto, huondoa wiski na kutia maji ya zabibu, basi hata hilo si jambo nililolizua mimi. Huku Kusini kuna zabibu za asili zinaitwa maskadini, zina ganda gumu na harufu nzito inayojaza nyumba. Zinaiva mwisho wa kiangazi. Nazinunua kwa wakulima wanaouza kandokando ya barabara, nazichemsha siku hiyo hiyo zisije zikachacha, nazikamua kwa kitambaa, nachemsha tena maji yake mpaka yanabaki nusu, nayagandisha kwenye friza. Glasi moja ya hayo ndiyo inayoingia. Hata vanila ya chupa sikuitumia, kwa sababu hiyo huku hutengenezwa kwa pombe. Nilinunua maganda ya vanila, ghali kweli kweli, nikayapasua kwa kisu na kuzikwangua mbegu. Ningetaka kudanganya watu ningehangaika hivyo?

Ikishapangwa na kufunikwa aisingi nyeupe, haikatwi. Bi Lane mwenyewe alisema ni bora ipikwe siku moja au mbili kabla ya kuliwa, ujazo uingie ndani ya tabaka. Inakaa, inanukia, nawe unapita tu.

Idi ndogo niliipeleka msikitini. Kinamama wa pale wengi ni Wamarekani weusi, wenyeji wa hapa hapa, wengine wamesilimu ukubwani. Mama mmoja, mtu mzima wa makamo yako Mama, alichukua kipande, akakitazama kwanza. Akaniuliza nimetia nini. Nikamwambia maskadini. Akauliza tena, nikamwambia tena, na nikamuapia. Alipotia mdomoni akafumba macho, machozi yakashuka. Ananiambia tangu asilimu, zaidi ya miaka thelathini, hajaionja keki hii. Kila Krismasi akienda kuwaona ndugu zake inakatwa mbele yake, keki ya bibi yake mzaa mama, naye anasema ameshiba. Alinishika mikono yote miwili akaniita binti yangu. Mama, tangu nifike nchi hii hakuna aliyewahi kuniita hivyo.

Ilipokuja Idi kubwa nikapata oda 11, dola 60 kila moja. Keki zile 11 za kwenye picha. Hakuna iliyorudi, na wawili wameshaweka oda nyingine ya harusi.

Mama, nakuombea heri na macho yako yapone. Dada, hapa mwache Mama apumzike, haya yaliyobaki ni yetu.

Piga hesabu, Dada: 11 mara 60 ni 660. Hizo ndizo hela za mabati. Mvua ya vuli ikinyesha na Mama amelala pakavu, atakuwa amelala chini ya keki ile ile aliyoitangaza Seif msibani. Mwambie hivyo hivyo nilivyoandika.

Sitaki aniombe radhi kwenye simu. Jina langu halikuharibiwa kwenye simu. Aende kwa Shangazi kwa miguu yake, kisha kwa wale aliokaa nao mkekani, aseme alisoma nusu. Wewe uwepo usikie. Akishafanya hivyo, habari ya bajaji tutaizungumza, ni ndugu yangu na sijamtoa moyoni. Kabla ya hapo asiniandikie chochote.

Panapo majaaliwa nitakuja baada ya Ramadhani ijayo, na maskadini zangu kwenye chupa. Nataka tuioke uani kwa makaa, juu na chini, tabaka moja moja, Mama akiwa kwenye kiti chake anatuelekeza. Kwa hiyo niangalizie ile sufuria yake ya kuokea. Mara ya mwisho nilisikia imeazimwa kwa kina Mama Chiku na haijarudi. Ifuate, usimtume mtoto. Tazama na mfuniko, ule wenye kingo za kuzuia makaa, si mwingine.

Pekani zitie kwenye kopo la Mama lenye kifuniko, sisimizi wasizifikie. Mpe Mama mbili tatu asubuhi na chai, azitafune polepole, za huku laini. Nyingine usizigawe, niwekee.

Wasalaam,
Mdogo wako,
Zuhura