Kaka, mpigie mchumba wako hata kama huna tarehe ya harusi

Mombasa, Julai 2020

Kaka yangu,

Assalamu alaykum. Nakuandikia hadharani kwa sababu najua hauko peke yako. Nyumba nyingi hapa Mji wa Kale, Mombasa, zina kijana aliye Muscat, Doha au Dubai ambaye simu zake zimeadimika tangu kazi zisimame kwa ajili ya korona, na watu wa nyumbani wanajikaza wasiulize. Mimi nimechoka kujikaza.

Hatujambo. Mwezi wa Mei ulikuwa mzito: tarehe 6 walitufungia mtaa, hakuna kuingia wala kutoka, mpaka mwanzoni mwa Juni. Tarawehe tuliswali sebuleni, Baba mbele, sisi nyuma, watoto wakisinzia rakaa za mwisho. Viazi karai vya Mama vilikufa tangu kafyu ya saa moja jioni ilipoanza Machi, maana wateja wake ni wa baada ya magharibi. Sasa anaamka alfajiri kupika mahamri na mbaazi. Wengi humlipa kwa M-Pesa, kwa kuwa mwaka huu wa 2020 malipo yasiyozidi shilingi 1,000 hayakatwi ada. Noti chache anazopokea huzipangusa kwa kitambaa cha sabuni, akazianika kambani kwa vibanio vya nguo.

Misikiti imefunguliwa juzi tu, lakini watu wasizidi 100, ibada isizidi saa moja, na aliyepita miaka 58 aswali nyumbani. Baba bado hupiga pasi kanzu yake kila Ijumaa. Aliyeumia zaidi ni mdogo wetu wa darasa la nane. Wizara imetangaza kwamba mwaka huu wa masomo umepotea, mtihani wa KCPE haupo, shule ni Januari 2021. Alilia mchana kutwa. Kesho yake nikamkuta na daftari la hesabu, wala hakuna aliyemwambia alishike.

Sasa tuje kwenye harusi yako. Tuliipanga mfungo mosi, mwezi wa baada ya Ramadhani. Umepita, na mfungo pili nao unayoyoma. Wenye ukumbi wamekubali kuzishika pesa tulizotanguliza hadi siku ipatikane, hilo lisikusumbue. Mchumba wako huja kumjulia hali Mama. Haulizi mahari wala dhahabu. Aliloniuliza, tukiwa jikoni tunamenya vitunguu, ni iwapo umemchoka.

Kaka, najua mlivyokatwa mshahara Muscat ilipofungwa Aprili, na najua unaona haya kupiga simu mikono mitupu. Lakini yeye hajui. Anaona kimya tu, na kimya anakisoma vibaya. Mwambie kazi imekuwa hivi, pesa zimekuwa hivi, na tarehe huijui. Nani anayeijua mwaka huu? Serikali yenyewe imeongeza kafyu kwa siku 30, zikiisha tutasikia jingine. Ndege za kimataifa tunaambiwa zitaanza Agosti 1, ila nauli itakuwaje, na kama ukitoka huko utaruhusiwa kurudi kazini, hayo hayajulikani.

Baba anasema ukiridhia, nikaha ifungwe kwa wakala, mtu wa kukusimamia wewe usipokuwepo, karamu ije baadaye. Mimi ningependa uwepo mwenyewe, uketi mbele ya shehe na wazee. Lakini hilo ni lenu wawili, na hamwezi kuliamua ikiwa mmoja hasemi.

Mpigie leo. Kafyu siku hizi huanza saa tatu usiku, kwa hiyo baada ya isha utampata nyumbani kwao.

Mdogo wako