Kumbukeni Cavern kabla hamjabomoa kumbi za muziki

Mhariri, naomba kanafasi kidogo. Kila nikisikia ukumbi wa muziki wa laivu unavunjwa nakumbuka Cavern Club ya Liverpool, Uingereza. Ilifunguliwa Januari 1957 kwenye stoo ya chini ya ardhi, mtaa wa Mathew, ikiwa kilabu ya jazi tu. Hata pombe haikuuzwa! Jukwaa lenyewe dogo, dari la matofali lililopinda kama handaki, watu wamebanana mpaka jasho linachuruzika ukutani, na humo humo ndo vijana wa bendi ya Beatles walianza kupiga Februari 1961, wakarudi tena na tena karibu mara 300 hadi Agosti 1963, na Brian Epstein aliwaona hapo hapo akawa meneja wao.

Sasa 1973 wakaifunga, wakabomoa jengo la juu eti panahitajika tundu la hewa la reli ya chini ya ardhi. Tundu lenyewe halikujengwa! Inaniuma sana hii. Mwaka 1984 wakafungua nyingine pale pale wakitumia matofali mengi ya zamani, nashukuru, ila jukwaa walilosimama wale vijana halikurudi. Jamani wakuu wa majiji, ulizeni wanamuziki kwanza.