Barua kwa mwanangu: weka saa mbili chomboni

Mwanangu mpendwa,

Salamu nyingi, na pongezi juu yake. Hadithi yako ya chombo kinachovuka dhoruba za wakati nimeisoma mpaka mwisho, kisha nikaurudia mchoro. Omo, yaani sehemu ya mbele, imechongoka vizuri, injini zimekaa mahali pake, na nahodha wako ni mtu ambaye hata mimi ningekubali kusafiri naye. Ila kuna kitu kimoja sikukiona popote, na ndicho kilichonishikisha kalamu. Nahodha anajuaje kwamba dhoruba imefika? Umeandika kwamba taa nyekundu inawaka. Taa hiyo imeambiwa na nani?

Nakuuliza kwa sababu aliye ndani ya chombo hawezi kuhisi wakati ukienda polepole. Mapigo ya moyo wake yanapungua mwendo sawasawa na saa yake, na mawazo yake pia. Kwake dakika ni dakika. Tofauti huonekana pale tu saa mbili zinapolinganishwa. Oktoba 1971, wanasayansi Joseph Hafele na Richard Keating walipanda ndege za kawaida za abiria wakiwa na saa nne za atomu, zinazopima wakati kwa usahihi mkubwa mno, wakaizunguka dunia kuelekea mashariki, kisha magharibi. Walipozilinganisha na saa zilizobaki nyumbani, safari ya mashariki ilikuwa imezichelewesha kwa nanosekunde 59 hivi, na ya magharibi imezitanguliza kwa 273 hivi. Nanosekunde ni kipande kimoja cha sekunde iliyokatwa vipande bilioni moja. Hata hivyo tofauti ilikuwapo, tena iliafikiana na hesabu za Einstein.

Sasa sikia ushauri wangu. Chombo chako ni kirefu, basi weka saa moja kwenye omo na nyingine kwenye tezi, kule nyuma. Nguvu ya uvutano ikizidi, wakati huenda polepole, na wala huhitaji umbali mkubwa kuliona hilo: mwaka 2010 wanasayansi nchini Marekani waliinua saa moja sentimita 33 tu juu ya nyingine, wakakuta ile ya juu inakwenda kasi zaidi. Kwa hiyo chombo kikilielekea kwa omo shimo jeusi, lile ambalo uvutano wake hata mwanga hauuponyoki, saa ya omo itaanza kubaki nyuma. Hebu mwone nahodha wako: macho yamekazwa kwenye safu mbili za tarakimu, zile za mwisho kabisa zinaanza kuachana, halafu zinazofuata, na hakuna kelele yoyote wala mtikisiko. Mimi hilo linanitisha kuliko taa nyekundu.

Na kuna mtego. Chombo kikigeuka kikawa ubavu, omo na tezi zikawa umbali mmoja kutoka kwenye shimo, saa zitakubaliana ilhali hatari ni ile ile. Nahodha asiye na uzoefu atashusha pumzi akidhani ametoka salama. Hapo pana sura nzima, mwanangu, usiipite mbio.

Saa mbili zitamwambia pia wimbi la uvutano, yaani mtetemo unaosafiri katika anga na wakati wenyewe, limetoka upande gani. Tarehe 14 Septemba 2015, vituo viwili vya LIGO, mtambo wa Marekani wa kunasa mawimbi hayo, vilinasa mawimbi ya uvutano kutoka kwa mashimo meusi mawili yaliyogongana na kuungana zaidi ya miaka bilioni moja iliyopita. Wimbi lilipita kituo cha Livingston kwanza, likafika kile cha Hanford milisekunde 7 hivi baadaye. Tofauti hiyo ndogo iliwasaidia wanasayansi kukadiria lilitokea sehemu ipi ya anga.

Iko saa ya tatu, nayo haimo chomboni: ni ya waliobaki nyumbani. Kwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani. Sawa, mabaharia wako watarejea, lakini watarejea lini? Mwanaanga Sergei Krikalev alipaa Mei 1991 kwenda kituo cha anga cha Mir akiwa raia wa Muungano wa Sovieti. Aliporudi Machi 1992, nchi iliyomtuma ilikuwa haipo tena. Na saa yake ilikuwa imepishana na za duniani kwa sehemu ndogo tu ya sekunde! Chombo chako kinakwenda kwa asilimia 99 ya kasi ya mwanga, umeandika hivyo wewe mwenyewe. Kwa kasi hiyo, mwaka mmoja chomboni ni takriban miaka saba kwa waliobaki. Lakini mabaharia wako wanarudi na kukuta kila kitu kama walivyokiacha. Hapo sikubaliani nawe hata kidogo. Mimi ni mzazi, hadithi kama hii naisoma nikiwa upande wa wanaobaki.

Kwa hiyo katika sura ijayo nataka kumwona mtu mmoja anayekisubiri chombo hicho. Mpe jina. Ana miaka mingapi kinapong'oa nanga, na ana mingapi kinaporudi? Piga hesabu, uniandikie.

Wako akupendaye,
Mama